Sanduku la kuzalishia danio, Ngara: nunueni sanduku, hadubini iacheni dukani

Nianze na bei za duka la samaki wa kufuga la Ngara, Nairobi, ninalolipima hapa. Sanduku la plastiki la kuzalishia samaki, lenye kitako cha ndani chenye matundu na kizuizi cha katikati, ni shilingi 1,800. Danio, yule samaki mdogo wa tangi, wa milia ni 150 kila mmoja, wa madoa 200. Hita ya wati 50 ni 1,200. Kichupa cha dawa ya kuondoa klorini, 350. Halafu kuna hadubini ya kuchomeka kwenye kompyuta, 2,500, ambayo kijana wa duka atakutolea chini ya kaunta akishaona umefungua M-Pesa. Hiyo iache hapo hapo. Nitaeleza.

Mimi hufundisha Biolojia katika shule ya upili upande wa Eastlands. Sikwenda Ngara kutafuta pambo la sebule. Nilitaka kitu kimoja tu: yai la mnyama mwenye uti wa mgongo, likiwa bado seli moja, juu ya meza ya maabara, saa niliyoipanga mimi na si saa aliyoamua samaki. Tathmini hii inalipima duka kwa mizani hiyo. Mwenye kutaka kujua kama taa zao za tangi zinapendeza, au kama wanauza vile vijumba vya kauri vya kuweka chini ya maji, aulizie kwingine.

Tuelewane kwanza kwa nini danio. Yai la kuku, ambalo ndilo rahisi kupata, halinisaidii. Siku linapotagwa, kile kidoa cheupe juu ya kiini kina makumi ya maelfu ya seli tayari. Hatua zote za mwanzo zimekwisha pita ndani ya kuku. Ngege, ambaye kila mtoto darasani amemla, jike wake hubeba mayai mdomoni, na kumlazimisha ayateme ni kumtesa bure. Binadamu ndiyo usiseme: yai likisharutubishwa huchukua karibu siku nzima kabla ya kugawanyika mara ya kwanza, tena mahali pasipoonekana. Danio hutaga majini, dume humwaga mbegu majini, yai lake ni angavu unaona mpaka ng'ambo, na mgawanyiko wa kwanza hufika dakika 45 hivi baada ya kurutubishwa. Ni mnyama aliyeumbiwa ratiba ya shule.

Duka liko ghorofa ya kwanza, katika mojawapo ya majengo ya Ngara ambayo chini yote ni nguo na simu. Kibao cha nje hakisomeki. Ukifika kwenye ngazi utasikia pampu za hewa, zifuate. Ngazi zenyewe ni nyembamba na huwa na maji, kwa hiyo usiende na viatu vya ofisini, na usinunue tangi kubwa kama huna mtu wa kukusaidia kulishusha.

Ndani ni pasafi kuliko unavyotarajia. Matangi yamepangwa safu tatu, kila moja na kipimajoto chake, na sikuona samaki mfu akielea, jambo ambalo katika maduka mengine ya mjini ni kama sehemu ya mapambo. Kijana anayeuza anaijua kazi yake. Nilimwambia nataka majike na madume kwa idadi ninayoitaja, nikategemea atanichotea tu wavu mzima. Badala yake alisimama pale na wavu mdogo, akawa anawachagua mmoja mmoja.

"Mwalimu, huyu mnene wa tumbo, mweupe wa fedha, ni mama. Huyu mwembamba anayevuta rangi ya dhahabu ni baba. Usichukue mama aliyekonda, hatakupa kitu."

Ndivyo ilivyo. Jike aliyejaa mayai huwa na tumbo la mviringo, dume ni mrefu mwembamba, na katikati ya milia yake ya buluu pana umanjano. Sijampata bado muuzaji mwingine Nairobi anayenichagulia kwa subira namna hiyo, na kwa hilo peke yake ningerudi.

Kwenye vibandiko, hata hivyo, kuna uongo mdogo. Tangi moja limeandikwa "Danio Pundamilia" na lingine "Danio Chui", na mteja anaambiwa hao ni samaki wa aina mbili na hawazaliani. Si kweli. Hao wa madoa waliwahi kuelezwa kama spishi ya peke yao mwaka 1963, lakini baadaye ikabainika ni samaki yule yule, tofauti ikitokana na badiliko la jeni moja linalovunja milia kuwa madoa. Nikamwambia kijana. Akacheka.

"Mwalimu, wateja wakijua ni samaki mmoja watataka bei moja."

Jibu la haki kabisa, ila mimi nimelipa 150.

Sasa sanduku. Ni vyombo viwili, kimoja ndani ya kingine, na cha ndani kitako chake kimetobolewa nyufa nyembamba. Jioni unajaza maji, unaweka jike upande mmoja na dume upande wa pili, unashusha kizuizi angavu katikati. Wanaonana usiku kucha lakini hawafikiani. Asubuhi, mwanga ukishaingia, unavuta kizuizi. Danio huanza shughuli zao na mwanga wa kwanza wa siku. Dume humfukuza jike, humsukuma ubavuni, hutetemeka kando yake, na jike hutoa mayai kwa mafungu huku dume akimwaga mbegu papo hapo. Jike mwenye afya hutoa mia moja mpaka mia mbili kwa asubuhi moja, wakati mwingine zaidi. Mayai huzama, hupita kwenye nyufa, hutua chombo cha chini. Nyufa hizo zisingekuwapo, wazazi wangeyala. Ndiyo, huyala mayai yao wenyewe bila aibu, na ndiyo maana watu wasio na sanduku hutandaza gololi chini ya tangi ili mayai yadondokee katikati yake. Gololi zinafanya kazi. Kitu ambacho hazikupi ni saa.

Na saa ndiyo ninayoilipia. Jua la Nairobi huchomoza karibu saa kumi na mbili na nusu mwaka mzima, kwa hiyo samaki walioachwa huru hutaga wakati mimi bado niko kwenye matatu pale Jogoo Road. Na kizuizi mahali pake, wananisubiri. Nikikivuta saa moja na dakika ishirini, kwa kawaida mayai yamejaa chini kabla ya kengele ya saa mbili. Kipindi maradufu ni dakika 80. Fanyeni hesabu: mgawanyiko wa kwanza dakika 45 baada ya kurutubishwa, kisha mingine kila robo saa. Seli mbili, nne, nane, kumi na sita, zote ndani ya kipindi, na mwanafunzi aliyechelewa akitafuta kalamu ataikosa hatua nzima. Wale watundu wa viti vya nyuma ndio hupanga foleni ya kwanza.

Kwa ujenzi wake, sanduku nalipatia alama nzuri isipokuwa sehemu mbili. Kizuizi ni cha plastiki nyembamba, kikidondoka sakafuni kinapasuka pembeni, na pakipasuka samaki hupenya. Nimeongeza kingo za gundi ya silikoni. Pili, kifuniko kinakaa juu juu tu, hakijifungi. Danio ni warukaji. Weka kitabu juu ya kifuniko, au utawaokota mezani.

Kuyachota mayai hakuhitaji kifaa chochote cha duka, ingawa watakuuzia kijiwavu cha shilingi 300. Chujio la chai linatosha. Mimina maji ya chombo cha chini kupitia chujio, suuza, geuza juu ya kisahani. Hata maabara kubwa za ng'ambo hutumia chujio la chai, sioni kwa nini sisi tulipe 300.

Niseme kidogo juu ya kinachotokea pale mayai yanapogusa maji, kwa sababu ndicho kipande wanafunzi hukikariri vibaya. Wamezoea picha ya mbegu ya binadamu yenye kifuko cha vimeng'enya kichwani, ikitoboa utando wa yai. Mbegu ya danio haina kifuko hicho. Haitoboi kitu. Yai limezungukwa na ganda laini, na kwenye ganda hilo pana tundu moja tu, mikropaili, jembamba kiasi kwamba mbegu moja ndiyo hupita. Mbegu zikishaingia kwenye maji yasiyo na chumvi nyingi huamka na kuogelea, lakini nguvu zao ni za muda mfupi, huisha kwa kama dakika moja au mbili. Wakati huo huo yai likishagusa maji linaamka nalo: ganda huvimba na kujitenga, na njia hufungika. Kwa hiyo ni mbio za pande zote mbili, na ndiyo sababu dume hukaa ubavuni kabisa mwa jike. Akiwa mbali, amechelewa.

Swali lililonifurahisha zaidi darasani lilitoka kwa msichana mmoja mkimya: "Mwalimu, na mbegu ya samaki mwingine ikipita kwenye lile tundu?" Ni swali lililojibiwa juzi tu. Mwaka 2018 watafiti wa Vienna, katika maabara ya Andrea Pauli, walieleza protini ndogo iliyo juu ya yai la danio, wakaiita Bouncer, yaani baunsa, kama wale wanaosimama mlangoni kwenye klabu. Bila protini hiyo, mbegu haiingii. Kisha wakafanya jambo la ajabu: wakaondoa baunsa wa danio kwenye yai, wakaweka baunsa wa samaki wa Kijapani aitwaye medaka, na yai la danio likaanza kukubali mbegu za medaka. Mababu wa samaki hao wawili waliachana zaidi ya miaka milioni 100 iliyopita. Darasa zima lilicheka kuhusu baunsa, lakini naamini hawatasahau.

Baada ya mbegu kuingia, angalia yai bila haraka. Mwanzoni utaona kiini kikubwa kimejaa kote. Halafu ute wa seli unaanza kusogea upande mmoja, unajikusanya juu, mpaka panatokea kibonge angavu kilichokaa juu ya kiini. Hicho kibonge ndicho kitakachogawanyika. Kiini chenyewe hakigawanyiki, kinabaki chini kama akiba ya chakula. Mchoro wa yai la chura uliomo vitabuni, linalokatika lote kutoka juu hadi chini, hauwafai hapa, na nimewakataza kuunakili.

Kwa saa tatu za kwanza kiinitete kinaishi kwa maagizo ya mama, yale aliyoyapakia ndani ya yai kabla ya kulitaga. Seli zinagawanyika kwa pamoja, kwa mpigo mmoja. Karibu na mgawanyiko wa kumi, seli zikifika 512 hivi, mpigo unaanza kupotea, mizunguko inarefuka, na jeni za kiinitete chenyewe zinaanza kufanya kazi kwa wingi. Haya hutokea saa mbili na dakika 45 baada ya kurutubishwa, ambayo kwa ratiba yetu ni wakati wa mapumziko ya chai. Baada ya hapo seli zinaanza kushuka kukifunika kiini pande zote. Saa ya sita zimevuka nusu, na upande mmoja panajitokeza uvimbe unaoonyesha mgongo utakuwa wapi. Saa ya kumi kiini kimefunikwa chote na kichwa na mkia vimeshajulikana. Hatua hizi zote zimepangwa kwenye jedwali moja maarufu la Charles Kimmel na wenzake, lililotoka mwaka 1995, na saa zote wanazozitaja ni za maji ya nyuzi 28.5.

Hapo ndipo hita ya duka inaponitia wasiwasi. Imeandikwa nyuzi 28 kwenye kitufe. Kipimajoto changu kinasoma 26. Kwa samaki wakubwa si kitu, lakini kwa mwenye kupanga kipindi ni tofauti ya kweli. Kimmel na wenzake waliacha kanuni ya kukokotoa: kwa nyuzi 26, kazi ya saa 24 huchukua karibu saa 28, na mgawanyiko wa kwanza husogea kutoka dakika 45 hadi 52 hivi. Dakika saba ni nyingi mbele ya watoto hamsini. Mwezi wa Julai, Nairobi ikiwa na baridi yake ya ukungu, wati 50 hazitoshi tangi la lita zaidi ya 40, na bila hita kabisa samaki wenyewe hawataki hata kutaga. Nunua hita, ila nunua pia kipimajoto cha kioo cha shilingi 150, kisha panga kitufe kwa kipimajoto. Kijana nilimweleza, akanibadilishia hita papo hapo bila maneno mengi. Ya pili nayo inasoma chini kwa nyuzi moja. Basi.

Stima ikipotea, lifunike sanduku kwa blanketi. Sina ushauri mwingine.

Sehemu ninayolilaumu duka waziwazi ni maji. Kijana aliniambia mayai niyaweke kwenye maji ya chupa, yale ya kunywa yaliyosafishwa sana, kwa kuwa "ni safi kuliko ya mfereji". Maji yaliyochujwa chumvi zote si mazuri kwa viinitete. Vinahitaji kiasi kidogo cha chumvi na kalisi. Maabara nyingi hutumia maji yaliyosafishwa lakini huyarudishia chumvi ya bahari, kama miligramu 60 kwa lita. Maji ya mfereji ya Nairobi, ambayo mengi hutoka bwawa la Ndakaini, yanafaa yakishatolewa klorini kwa kile kichupa cha 350, ambacho kwa kweli ndicho kitu bora kabisa dukani kwa bei yake: matone machache kwa ndoo, na maji ni tayari. Maji ya kisima mimi siyagusi kwa kazi hii, maana visima vingi vya Nairobi vina floraidi nyingi. Wakati wa mgao, mabomba yakikauka na shule ikaletewa maji ya lori, huahirisha kipindi tu. Siyajui yametoka wapi.

Ongeza tone la dawa ya buluu, methilini buluu, kwenye kisahani cha mayai. Wanayo, shilingi 200, na inazuia ukungu. Jioni toa mayai yaliyogeuka meupe. Hayo yamekufa au hayakurutubishwa, na yakiachwa yanaoza na kuharibu mazima.

Sasa hadubini. Boksi linasema inakuza mara 1,000. Haikuzi mara 1,000, na hata ingeweza haina faida hapa. Yai la danio lina upana wa milimita 0.7, ganda lake likivimba hufika kama milimita 1.2. Linaonekana kwa macho matupu. Unachohitaji ni kukuza mara 40, mwanga wa kutoka chini, na kiguu kisichotikisika. Kile kifaa kina taa za juu pekee, ambazo hung'aa kwenye ganda na kukuonyesha duara jeupe. Kiguu chake ni cha waya wa plastiki na kila mtu akipita karibu na meza picha inaruka. Nilikijaribu pale pale dukani juu ya yai ambalo kijana alinichotea kwenye tangi, na hata yeye akasema, "Hapana, mwalimu, hii ni ya kuangalia nywele." Hadubini ya kawaida ya shule, ile yenye kioo cha kuakisi jua chini, inashinda kwa mbali, na inafanya kazi stima ikiwa imepotea. Lenzi ya mara nne, kioo cha jicho cha mara kumi, simu ya mwanafunzi mmoja imeshikiliwa juu ya kioo cha jicho, darasa zima linaona. Kama shule yenu haina kabisa, tafuteni iliyotumika, fundi aikague mbele yenu. Hizo 2,500 ni za kuanzia akiba.

Siku ya pili ndiyo siku yangu. Saa 24 baada ya kurutubishwa mkia umenyooka, macho yapo, na moyo umeanza kupiga. Unauona ukipiga. Hakuna upasuaji, hakuna picha ya kompyuta. Ni kiumbe mzima ndani ya ganda lake, anajikunja, na damu inaanza kuzunguka. Moyo wa binadamu huanza kupiga karibu siku ya 22. Kuna mwalimu mwenzangu wa Hisabati aliyepita kuazima chaki akakaa mpaka kengele.

Kati ya siku ya pili na ya tatu huanguliwa. Siku ya tano kibofu cha hewa kimejaa, wanaogelea na wanatafuta chakula, na hapo mimi hubadili utaratibu. Kwa sheria ya Umoja wa Ulaya ya mwaka 2010 kuhusu wanyama wa majaribio, kiluwiluwi wa samaki huhesabiwa mnyama wa kulindwa tangu anapoanza kujilisha mwenyewe, na kwa danio ni karibu saa 120. Sisi hapa hatufungwi na sheria hiyo, lakini nimeona mpaka huo una mantiki, nao wanafunzi wanauelewa. Baada ya siku hiyo si vielelezo tena, ni wafugwa: wanalishwa paramesia, vijidudu vya seli moja, kutoka kwenye chupa ya nyasi zilizolowekwa, kisha artemia, vile viduvi vya maji ya chumvi, na wakifika miezi mitatu wanaweza kuzaa wenyewe. Kopo la artemia la duka, 600, ni zuri, huanguliwa kwa wingi. Ila tarehe ya mwisho imefunikwa na kibandiko cha bei, kibandueni kabla ya kulipa.

Samaki wakiwazidi, msiwamwage kwenye mto wa Nairobi wala kwenye bwawa lolote. Samaki wa kuletwa hatuwachezei. Mbuta, yaani sangara, alipandikizwa Ziwa Victoria miaka ya 1950 na 1960, na mwenye kutaka kujua kilichowapata samaki wadogo wa ziwa aulize mtu yeyote wa Kisumu. Duka hili, kwa sifa yake, huwapokea danio wakubwa na kukupunguzia bei ya chakula. Waliponieleza hivyo nikawaongezea alama.

Na msidharau duka la ngazi nyembamba. George Streisinger wa Chuo Kikuu cha Oregon, ndiye aliyewafanya samaki hawa kuwa wa maabara, na mwaka 1981 akatangaza kwamba amepata danio waliozaliwa na jeni za mama peke yake. Ukoo wake maarufu wa maabara, ule ambao watafiti duniani bado wanautumia, mizizi yake ni samaki walionunuliwa kwenye duka la samaki wa kufuga mjini Albany, Oregon. Kutoka hapo tukafika mwaka 2013, jenomu yao, yaani maandishi yote ya urithi wao, iliposomwa yote na kuonekana kuwa karibu asilimia 70 ya jeni za binadamu zina mwenza kwa danio. Kijana wa Ngara alipoyasikia haya aliuliza kama watafiti hao walipewa bei ya jumla.

Huduma baada ya kununua: anajibu WhatsApp haraka, hata jioni, na picha ya samaki mgonjwa ukimtumia anakwambia ukweli kama hatapona. Risiti haandiki mpaka umwombe, kwa hiyo walimu mnaorudishiwa pesa na ofisi ya mhasibu, ombeni. Jumapili wamefunga. Jumamosi baada ya saa sita pana watoto wengi na huwezi kuchaguliwa samaki kwa utulivu. Nendeni katikati ya wiki, asubuhi, mbebe ndoo yenu yenye kifuniko, kwa sababu mifuko yao ya plastiki ni ile myembamba na barabara ya kutoka Ngara mnaijua. Masanduku yalikuwa yamebaki machache. Mpigieni kwanza, na mwambieni hadubini hamtaki kabla hajainama.